Jamii asilia na haki ya kujitawala Afrika Mashariki: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali haya huibuka kila habari za msitu wa Mau na Ziwa Bogoria nchini Kenya, au za Yaeda Chini na Loliondo nchini Tanzania, zinaporudi magazetini. Mifano mingi ni ya Kenya na Tanzania, kwa sababu huko ndiko kesi kubwa zilikotoka. Kwingineko tumegusa tu pale panapotusaidia kuona jambo vizuri zaidi.

Kwani Waafrika sote si wenyeji? Hawa "jamii asilia" ni akina nani hasa?

Serikali ya Tanzania imekuwa na jibu moja kwa miaka mingi: Watanzania wote ni wa asili, hakuna kabila lenye daraja la peke yake. Hoja hiyo haifai kubezwa. Nchi iliyofanya kazi kubwa kuupunguza ukabila ina haki ya kuhofia chochote kinachofanana na kuurudisha.

Ila hoja hiyo inajibu swali la nani alitangulia kufika, na Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu haikuuliza hivyo. Tume iliunda kikundi kazi cha jambo hili mwaka 2000, na vipimo vilivyotoka humo ni vingine: watu wenyewe wanajitambuaje, je, maisha yao yamefungamana na ardhi fulani kiasi kwamba ukiwatoa hapo jamii inavunjika, na je, wamesukumwa pembeni kwa sababu ya namna wanavyoishi, iwe ni kuwinda, kurina asali au kufuga kwa kuhamahama. Msukuma na Mkikuyu ni wenyeji kama wengine wote, lakini hakuna serikali iliyowahi kuwaambia kwamba kulima si kutumia ardhi. Mwindaji na mrina asali wameambiwa hivyo tangu enzi za mkoloni. Tume ya Ardhi ya Kenya ya mwaka 1932 hadi 1934, ile iliyojulikana kama Tume ya Carter, ilikataa kuwatengea Waogiek, wawindaji na warina asali wa msitu wa Mau, eneo lao na kupendekeza wapelekwe kwenye maeneo ya makabila mengine. Matokeo yake bado yako mahakamani.

Je, wanataka kujitenga na kuunda nchi yao?

Hapana. Azimio la Umoja wa Mataifa la Haki za Jamii Asilia, lililopitishwa tarehe 13 Septemba 2007, linataja haki ya kujiamulia mambo katika kifungu cha 3, linafafanua katika kifungu cha 4 kwamba maana yake ni kujitawala katika mambo ya ndani ya jamii, kisha linafunga mlango wa kuigawa nchi katika kifungu cha 46. Nchi 144 ziliunga mkono, 4 zikapinga na 11 hazikuchagua upande. Kenya ilikuwa kati ya hizo 11. Tanzania ilipiga kura ya ndiyo, jambo ambalo husikii likitajwa sana Dodoma.

Kinachodaiwa huku kwetu ni kitu kidogo kuliko nchi, ingawa kwa serikali nyingi ni kigumu zaidi kutoa: jamii iwe na mamlaka ya kusema "hapana" kuhusu ardhi yake, na "hapana" hiyo iheshimiwe.

Kujitawala huko kukoje katika maisha ya kila siku?

Tuchukue Waogiek wa Mau, maana utaratibu wao umeandikwa vizuri na unaonekana kwa macho. Ardhi yao haikugawanywa kwa vijiji. Kila ukoo ulikuwa na ukanda wake, unaoitwa konoito, unaopanda kutoka nyanda za chini hadi kwenye msitu wa juu wenye baridi na mianzi. Ukanda ulipita makusudi katika maeneo yenye mimea tofauti, kwa sababu maua ya chini na ya juu hayachanui msimu mmoja, na nyuki hufuata maua. Mzinga wa Kiogiek ni gogo, mara nyingi la mtarakwa, lililochongwa likawa na uwazi ndani, likatundikwa juu ya mti. Mtu mmoja angeweza kuwa na mizinga mingi katika ngazi zote za ukanda, akaizungukia mwaka mzima: huku anarina, kule anasubiri. Asali ilikuwa chakula, kinywaji cha sherehe, sehemu ya mahari na bidhaa ya kubadilishana na majirani.

Sasa angalia ni serikali ya namna gani inayohitajika ili hilo liende. Lazima ijulikane mpaka wa ukoo huu na ule uko kwenye mto gani. Mgeni akitaka kutundika mzinga lazima aombe ruhusa, na lazima kuwe na wa kumwombea. Anayeiba asali ashtakiwe mbele ya wazee wanaotambuliwa na pande zote mbili. Msitu wenyewe unalindwa humohumo, kwa kuwa anayekata mti wa maua amekata riziki ya ukoo mzima. Afisa wa misitu akija na ramani yenye mstari mmoja tu unaotenganisha "msitu wa serikali" na "makazi", mfumo huu wote haumo kwenye ramani yake, na kwa hesabu zake haupo.

Hiyo ndiyo sababu kumpa kila Mwogiek ekari 5 pembezoni mwa msitu hakumalizi mgogoro, hata pale serikali inapodhani imekuwa karimu. Ekari 5 hazipandi mlima.

Kesi ya Waogiek ilifikaje Arusha?

Oktoba 2009 shirika la misitu la Kenya lilitoa notisi ya siku 30 kuwataka wakazi wa msitu wa Mau waondoke, Waogiek wakiwemo. Walikuwa wamekwisha kujaribu mahakama za nyumbani. Mwaka 2000 Mahakama Kuu ilitupilia mbali kesi yao ya msitu wa Tinet, moja ya sababu ikiwa kwamba Waogiek wa leo wanalima na kuvaa kama wengine, kwa hiyo hawawezi kudai maisha ya zamani. (Kwa mantiki hiyo, Mmasai akinunua simu amepoteza malisho.)

Baada ya notisi, mashirika ya kutetea haki yakiwemo CEMIRIDE na baadaye Ogiek Peoples' Development Program pamoja na Minority Rights Group yalipeleka malalamiko kwa Tume ya Afrika. Kwa nini Tume na si Mahakama moja kwa moja? Kwa sababu Kenya imeridhia itifaki ya Mahakama ya Afrika, ile yenye makao Arusha, lakini haijatoa tamko la kuruhusu watu binafsi na mashirika kuishtaki huko. Njia iliyobaki ni Tume yenyewe kuishtaki serikali, na ndivyo ilivyofanya mwaka 2012. Mahakama ikatoa amri ya muda Machi 2013, na tarehe 26 Mei 2017 ikatoa hukumu yake Arusha: Kenya ilikiuka haki za Waogiek za kutobaguliwa, za dini, mali, utamaduni, maliasili na maendeleo. Dai moja kubwa lilikataliwa, lile la haki ya kuishi.

Fidia ilikuja miaka 5 baadaye, tarehe 23 Juni 2022: shilingi za Kenya milioni 57.85 kwa hasara ya mali na milioni 100 kwa madhara mengine, ziingie katika mfuko wa maendeleo wa jamii. Fedha ndizo zilizopamba vichwa vya habari, lakini kwangu mimi uzito uko kwenye amri nyingine: serikali ipime ardhi ya Waogiek, iweke mipaka na iwape hati ya pamoja, tena kwa kushauriana nao. Penye mikataba ya watu wengine juu ya ardhi hiyo, mazungumzo yafanyike.

Mbona walishinda na bado wanafukuzwa?

Mahakama ya Afrika haina polisi wala mpima ardhi. Hukumu yake inatekelezwa na serikali ileile iliyoshindwa kesi. Baada ya hukumu ya 2017 serikali iliunda kikosi kazi, na mwaka 2018 ikaunda kingine. Novemba 2023, mwaka mmoja na miezi kadhaa baada ya amri ya hati, nyumba za Waogiek zilibomolewa Sasimwani, kaunti ya Narok, na mamia ya watu wakabaki nje wakati wa mvua.

Kuna sababu ya kisheria pia. Katiba ya Kenya ya 2010, kifungu cha 63, inataja ardhi ya mababu na ardhi iliyokaliwa na jamii za wawindaji na wakusanyaji kuwa ardhi ya jamii. Ni sentensi ambayo jamii nyingi za bara hili zingeipigania. Kifungu cha 62, ukurasa huohuo karibu, kinaiweka misitu ya serikali katika ardhi ya umma. Mwogiek anaishi katika zote mbili kwa wakati mmoja. Afisa anayetaka kumtoa anasoma 62, wakili wake anasoma 63, na katikati yao hakuna aliyelazimika kuamua papo hapo kabla tingatinga halijawashwa.

Usidhani haya ni ya Afrika peke yake. Oktoba 2021 Mahakama ya Juu ya Norwe, majaji 11 kwa kauli moja, iliamua kwamba vibali vya mitambo ya umeme wa upepo kule Fosen vimevunja haki ya wafugaji wa Kisami, jamii asilia ya kaskazini mwa Ulaya. Mitambo iliendelea kuzunguka. Zaidi ya siku 500 baadaye vijana wa Kisami walilazimika kukaa sakafuni katika ofisi za wizara mjini Oslo ndipo serikali ikaomba radhi. Nchi tajiri, yenye bunge maalumu la Wasami tangu 1989, na bado hukumu ilihitaji kusukumwa.

Lakini si Waogiek wenyewe wanaoharibu msitu?

Serikali ya Kenya iliileta hoja hii Arusha, na Mahakama ikasema haikuthibitishwa. Ilieleza kwamba uharibifu wa Mau ulitokana zaidi na watu wengine kuingia, na serikali yenyewe kukata vipande vya msitu na kutoa vibali vya magogo. Mwaka 2001 zaidi ya hekta 60,000 za misitu nchini, nyingi zikiwa Mau, zilitangazwa kuondolewa kwenye hifadhi. Marufuku ya kukata miti ya mwaka 1999 iliziacha kampuni kubwa tatu za mbao na karatasi ziendelee.

Wapo Waogiek waliouza viwanja walivyopewa, na wapo wanaolima viazi mahali palipokuwa na miti. Hilo ni kweli na halifichwi. Lakini anayetaka kujua nani alimaliza Mau aanze na orodha ya waliogawiwa ardhi 2001.

Na Waendorois wa Ziwa Bogoria? Walipata nini?

Walitolewa kandokando ya ziwa kuanzia 1973 ili kupisha hifadhi ya wanyama. Palikuwa na makaburi na mahali pa ibada, na palikuwa na udongo wa chumvi ambao mifugo hulamba, kitu ambacho mtalii anayepiga picha heroe hakioni. Kesi yao ilikwama Mahakama Kuu ya Nakuru mwaka 2002, ikaenda Tume ya Afrika, na uamuzi uliotangazwa Februari 2010 ukawa wa kwanza wa Tume hiyo kutambua umiliki wa jamii asilia juu ya ardhi ya mababu. Tume ilitaka ardhi irudishwe, jamii ifike ziwani bila vikwazo, ilipwe fidia na mgao wa mapato, na baraza lake lisajiliwe.

Mwaka 2011 ziwa likaingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia, pamoja na Nakuru na Elementaita, bila wao kushirikishwa. Kikosi kazi cha utekelezaji kiliundwa Septemba 2014. Ardhi yenyewe haijarudishwa.

Kuna jamii iliyopata ardhi bila kwenda mahakamani?

Ndiyo, na iko Tanzania, katika nchi isiyotambua rasmi kuwa kuna jamii asilia. Wahadzabe wa bonde la Yaeda, wilaya ya Mbulu, ni jamii ndogo inayoishi kwa kuwinda, mizizi, matunda ya porini na asali. Mwaka 2007 kampuni ya uwindaji kutoka Falme za Kiarabu ilipewa nafasi katika bonde hilo. Kelele zikawa nyingi, ikajiondoa mwaka huohuo. Wahadzabe na wenzao wa Ujamaa Community Resource Team, shirika lenye makao Arusha, hawakusubiri kampuni inayofuata.

Walichofanya ni kuchukua Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999, ambayo inajulikana zaidi kwa kumpa mtu mmoja mmoja hati ya hakimiliki ya kimila, wakaitumia kwa kundi zima. Kwanza kijiji kiwe na cheti cha ardhi ya kijiji. Kisha mpango wa matumizi ya ardhi: huku kilimo, huku malisho, huku pori la Wahadzabe. Hapo majirani Wadatoga, Wairaqw na Waisanzu wanakaa kitako pamoja, maana kila mmoja ana mfugo au shamba linalogusa mpaka. Kuna mabishano ya siku nyingi juu ya mbuyu mmoja au kisima kimoja. Mkutano mkuu wa kijiji unapitisha, halmashauri ya kijiji inasaini, afisa ardhi wa wilaya anakagua, vigingi vinawekwa, hati inaingizwa kwenye masjala. Oktoba 2011 Wahadzabe wakawa na hati ya pamoja ya zaidi ya hekta 20,000. Mmoja wa viongozi wa shirika hilo, Edward Loure, alipewa Tuzo ya Goldman ya mazingira mwaka 2016 kwa kueneza njia hiyo hata kwa wafugaji.

Weka hilo kando ya Mau. Waogiek wana hukumu ya mahakama ya juu kabisa ya haki barani lakini hawana hati. Wahadzabe hawana hukumu yoyote wala hawatambuliwi kwa jina la jamii asilia, lakini wanaweza kumwonyesha mvamizi karatasi yenye muhuri wa wilaya. Ukiniuliza nianze na lipi, nitaanza na karatasi, huku kesi ikiendelea.

Kwa hiyo hati ya kimila inatosha?

La. Kifungu cha 4 cha sheria hiyohiyo kinamruhusu Rais kuhamisha ardhi ya kijiji kuwa ardhi ya jumla au ya hifadhi kwa manufaa ya umma. Eneo likiwa chini ya hekta 250, mkutano mkuu wa kijiji una kauli ya kukubali au kukataa. Likizidi hapo, uamuzi ni wa Waziri, na kijiji kinabaki kutoa maoni. Soma tena namba hiyo ukikumbuka kwamba malisho ya kijiji kimoja cha Kimasai yanaweza kufika maelfu ya hekta. Mamlaka ya kukataa yamewekwa kwenye vipande vidogo.

Loliondo walilijua hilo Juni 2022, kilomita za mraba 1,500 zilipotengwa kuwa pori tengefu, vigingi vikawekwa chini ya ulinzi wa polisi, risasi zikalia, wananchi wakajeruhiwa na askari mmoja akauawa. Vijiji vilikuwa vimesajiliwa. Mahakama ya Afrika Mashariki iliitupa kesi yao Septemba 2022. Novemba 2023 kitengo chake cha rufaa kikabatilisha uamuzi huo na kuagiza shauri lisikilizwe upya.

Ngorongoro ni kisa kingine tena, kwa sababu Wamasai walihamishiwa huko kutoka Serengeti mwaka 1959 wakiahidiwa kwamba hapo wataishi. Agosti 2024 tangazo la serikali liliwafutia usajili wa kata na vijiji vyao. Kijiji kikifutwa hakuna mkutano mkuu wala mwenyekiti, na hakuna wa kukataa chochote. Watu walijaa barabarani, Mahakama Kuu Arusha ikalisimamisha tangazo, na baadaye vijiji vikarudishwa.

Wakipewa ardhi ya pamoja si watagawana na kuuza, kama ilivyokuwa kwenye ranchi za Wamasai?

Hofu hii ina msingi. Ranchi za kikundi za Kenya zilizoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1968 ziliwekwa chini ya wawakilishi wachache, na Kajiado wengi waligawana, wakauza kwa bei ya kutupa, na leo ukingo wa barabara umejaa ua wa mabati. Wawakilishi wengine walijigawia vipande vikubwa kuliko wenzao.

Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016 iliandikwa kwa kumbukumbu hiyo. Mamlaka makuu ni ya mkutano wa jamii wenye watu wazima wote. Kamati ya watu 7 hadi 15 inasimamia tu. Haiwezi kuuza wala kukodisha bila theluthi mbili za wanajamii kuridhia. Theluthi mbili ni kazi ngumu kwa wafugaji waliotawanyika wakati wa kiangazi, na hapo ndipo shida ya pili inapozaliwa: mikutano inayofanyika kwenye karatasi tu, saini zikizungushwa nyumba kwa nyumba. Hati za kwanza chini ya sheria hiyo zilitoka mwisho wa 2020 kwa Il Ngwesi na Musul, Laikipia.

Nafasi ya wanawake ikoje? Kujitawala si kuwarudishia wazee wa kiume mamlaka yote?

Inaweza kuwa hivyo hasa, na wanaoitetea haki ya jamii wasilikwepe. Tanzania inataka watatu kati ya wajumbe 7 wa baraza la ardhi la kijiji wawe wanawake. Sheria ya Kenya ya 2016 inakataza ubaguzi na inamfanya mume au mke wa mwanajamii kuwa mwanajamii moja kwa moja. Halafu inaongeza kwamba uanachama huo unakoma mwanamke anapoolewa tena baada ya talaka au kufiwa. Mwanamume anayeoa tena hakutajwa. Kanuni za jamii, zile zinazoandikwa wakati wa kusajili ardhi, ndizo nafasi ya kuziba tundu hilo, na ndiyo maana ni vibaya kanuni hizo zikiandikwa na wakili wa mjini akitumia nakala ya jamii nyingine.

Fedha za kaboni zinaingia mfuko wa nani?

Hizi ni fedha zinazolipwa ili miti ibaki imesimama na kuhifadhi hewa ya ukaa, na mfuko unategemea nani anamiliki ardhi. Yaeda, kwa kuwa hati ipo, mauzo ya kaboni yanapitia vijiji, na yamelipa walinzi wa pori kutoka kwa Wahadzabe na Wadatoga wenyewe, karo na matibabu. Kenya ilirekebisha Sheria ya Mabadiliko ya Tabianchi mwaka 2023 na kuweka kwamba mradi wa kaboni wa ardhini uipe jamii angalau asilimia 40 ya mapato ya mwaka. Januari 2025 mahakama ya Isiolo iliamua kwamba hifadhi mbili za jamii, mojawapo ikiwa Biliqo Bulesa iliyomo katika mradi mkubwa wa kaboni, zilianzishwa kinyume cha sheria, wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Muulize yeyote anayekuletea mkataba wa miaka 30: kanuni zetu ziko wapi, na nani alipiga kura?

Uganda na Kongo hali ikoje?

Uganda iliwatoa Wabatwa katika misitu ya Bwindi, Mgahinga na Echuya mwanzoni mwa miaka ya 1990. Mwaka 2021 Mahakama ya Katiba ilikubali kwamba hawakutendewa haki. Wengi bado ni maskwota kwenye mashamba ya watu.

Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo ina sheria nzuri, angalau kwenye karatasi. Sheria ya Julai 2022 inalinda haki za jamii asilia za Wambilikimo kwa jina, na amri ya 2014 inaruhusu jamii kupewa msitu hadi hekta 50,000 bila kikomo cha muda. Kwa upande mwingine, Wabatwa wa Kahuzi-Biega, waliofukuzwa kupisha hifadhi miaka ya 1970, walilazimika kwenda Tume ya Afrika, na uamuzi wa kuwapa haki ulitangazwa Julai 2024, wakati Kivu inawaka vita. Kusema ardhi irudishwe mahali penye makundi yenye silaha ni jambo jingine kabisa.

Kuna mahali duniani walikofaulu kweli?

Waguna wa Panama ndio mfano ninaoupenda, kwa sababu walianza kwa nguvu zao. Februari 1925 waliasi dhidi ya polisi waliokuwa wakiwalazimisha kuacha mavazi na sherehe zao. Makubaliano yaliyofuata yakazaa eneo maalumu mwaka 1938, na sheria ya 1953 ikatambua utawala wao. Kila kisiwa kina nyumba ya mkutano ambamo kiongozi, saila, huimba historia na nasaha kabla mambo ya kijiji hayajajadiliwa. Juu yake kuna Baraza Kuu. Mgeni haruhusiwi kumiliki ardhi, na hoteli ni za Waguna. Wamepiga marufuku kuvua kambakoche kwa kupiga mbizi na mitungi ya hewa.

Hata wao wana mtihani ambao hati haiuzuii: mwaka 2024 familia zipatazo 300 za kisiwa cha Gardi Sugdub zilihamia bara kwa sababu bahari inapanda. Tofauti ni kwamba uamuzi wa kuhama ulianzia kwao, miaka mingi kabla, na ardhi waliyohamia ilikuwa yao.

Je, si wafadhili wa nje wanaowachochea?

Fedha za nje zipo, na mawakili wa kesi hizi mara nyingi hulipwa nazo. Lakini fedha za nje hulipa upande wa pili pia: mpango wa kulinda vyanzo vya maji uliohusisha msitu wa Embobut nchini Kenya, kwenye ardhi ya jamii ya Wasengwer, ulikuwa wa Umoja wa Ulaya, euro milioni 31, hadi uliposimamishwa Januari 2018 baada ya Msengwer kupigwa risasi na kufa. Watalii wa Serengeti hawatoki Musoma. Na kampuni ya OBC, iliyopewa kitalu cha uwindaji Loliondo tangu 1992, ina mizizi Dubai.

Ugatuzi wa Kenya haujawapa serikali yao?

Umewapa gavana, ambaye mara nyingi si wao. Waogiek wa Mau wamegawanyika katika Nakuru, Narok na Kericho, na ni wachache kila mahali. Katika kura ya wengi hawafui dafu.

Jamii yetu haijapata hati. Tuanzie wapi?

Andikeni majina ya mahali kabla ya majina ya watu. Vijito, vilima, makaburi, visima, mahali pa ibada, kila kimoja na kwa lugha yenu, pamoja na mzee anayejua kisa chake. Kesi ya Waogiek na ya Waendorois zote zilitegemea ushahidi wa namna hiyo. Tembeeni mpaka pamoja na majirani, maana mpaka mliouchora peke yenu utapingwa siku ya kwanza. Kenya, fikeni kwa msajili wa ardhi wa kaunti mkiwa na orodha ya wanajamii, jina la jamii na rasimu ya kanuni. Kama ardhi ndiyo iliyotangazwa kuwa msitu wa serikali, mtahitaji wakili mapema, kwa kuwa ofisi hiyo haitaigusa. Tanzania, anzeni na cheti cha ardhi ya kijiji, kisha dai la kundi lenu lipite kwenye mpango wa matumizi ya ardhi. Mihtasari ya mikutano iandikwe na isainiwe palepale, idadi ya waliohudhuria ihesabiwe kwa sauti, na nakala moja isikae kwa mwenyekiti.